Mizani ya Uwanja wa Kitale

Ilikuwa ya kupimia mahindi.
Tuliirithi kutoka ghala la ushirika,
sindano yake bado inaanzia kilo mbili,
nami huzitoa kichwani kabla ya kuandika.
Kila apandaye ndege hapa hupimwa, yeye na kikapu chake.
Hewa ya huku juu nyembamba, rubani husema,
mabawa hayapati mengi ya kushika,
na Elgon ukishajitanda wingu lake la saa sita
haumpishi mtu.

Kwa hiyo alfajiri nafukuza kondoo wa kina Sitati
walolala kwenye lami yenye joto la jana,
natazama mfuko wa upepo umeelekea wapi,
napangusa umande kwenye mizani, naita majina.

Watu hawapendi kupimwa hadharani.
Mkaguzi wa shule huvua viatu, hata saa.
Mama Nekoye alishuka, akala ndizi zake mbili,
akapanda tena: "Haya, mzigo umepungua."
Nikamwandikia vilevile.

Mzee Psiwa hakuvua kitu.
Machi, sabini na nne, na utani juu:
"Andika sabini na tano, nimebeba deni."
Juni, sitini na sita.
Chakula cha hospitali ya Nairobi, alisema, hakijui chumvi.
Agosti sindano ilisita kwenye hamsini na tatu,
nikaigonga kwa kidole,
kana kwamba kosa ni la chuma.
"Usiisumbue," akasema. "Ndege itanishukuru."

Leo amekuja mkewe, Chemtai, peke yake,
barua imekunjwa mara nne ndani ya ngumi.
Sikuuliza.
Alipanda mizani amekumbatia koti la mumewe,
lile la sufu, lenye kifungo kimoja cha rangi nyingine.
"Nipime nalo," alisema.
"Akishuka hapa atasikia baridi."

Nilitoa zile kilo mbili.
Kisha nikazirudisha.

Ndege ilikimbia, ikasita kidogo pale mwisho wa lami
kama mtu aliyesahau kitu nyumbani,
ikainuka, ikapinda kuyakwepa Cherangani.

Karatasi ya jioni ina safu mbili:
abiria, shehena.
Jina la Psiwa nimeliandika pembeni, kwa penseli,
halijaingia safu yoyote.
Kondoo wamerudi. Leo siwafukuzi bado.