Bega la Kulia

Reino Saarela alikuwa na bega moja chini ya jingine.
Fundi cherehani wake kule Duluth alilijua:
kila koti alilipunguza kidole kimoja upande wa kulia,
wala hakuuliza.
Miaka thelathini na minane kamera ilikaa pale
kama mtoto aliyegoma kushuka.

Mimi nilikuwa mpakiaji wake wa filamu.
Mikono ndani ya mfuko mweusi, macho hayana kazi,
natafuta ncha ya utepe kwa vidole
kama mtu anayerudi usiku wa manane
akipapasa funguo asiwaamshe waliolala.
Dakika kumi na moja kila gurudumu.
Umri wetu tuliuhesabu hivyo.

Kiwanda cha chuma kilipofungwa, Januari, theluji magotini,
wenzetu walijazana getini kunasa wakubwa wakitoa pole.
Reino akaingia chumba cha kubadilishia nguo.
Mzee mmoja, Halvard, alikuwa akifunga kabati lake,
akalifungua,
akalifunga tena.
Dakika nne, bila neno.
Nilisikia mashine ikitafuna filamu, nikasema moyoni: hasara.

Halafu matamasha, kwa kuwa ukweli haulipi kodi ya nyumba.
Cleveland, mvua, uwanja umefurika,
mpiga gitaa amepiga magoti, watu wanalia jina lake,
na mwongozaji anafoka masikioni: Uso! Nipe uso!
Reino akampa mguu wa mpiga ngoma:
kiatu kimeachama, soksi chapachapa,
unakanyaga, unakanyaga, haukosei.
Alitukanwa njia nzima hadi Pittsburgh.
Chumba cha kuhariri, wiki ya pili, wakanyamaza,
wimbo mzima wakauacha uende na ule mguu.

Tuzo? Moja. Ilizuia mlango wa gereji usijifunge.
Mkewe, Lorna, hana picha hata moja aliyoipiga yeye.
Nilimwuliza sababu, tukiwa barabarani.
Akasema tupite kununua betri.

Sasa wanazihamishia filamu zake kwenye kompyuta.
Kijana wa sauti akavua visikizi:
Kuna upepo hapa, niufute?
Nikavivaa.
Kabati linafungwa. Linafunguliwa.
Na karibu mno, karibu kuliko kabati,
pumzi imebanwa,
imebanwa,
inaachiwa polepole puani bega lisitikisike.

Ndani kwa ndani hakuna upepo, nikamwambia.
Uache.