Siku Kumi na Moja

Sheria inataka kila siku iliyochelewa ielezwe,
moja baada ya moja,
kama mtu achambuavyo karafuu usiku:
konyo huku, karafuu huku.

Mimi ni karani wa masjala, Wete.
Muhuri wa IMEPOKELEWA uko mkononi mwangu mwaka wa kumi na tisa huu,
na wiki iliyopita niliugonga juu ya ombi la Mize binti Shaame, wa Mtambwe,
aombaye kuongezewa muda
akate rufaa.

Kosa lake: kudharau mahakama.
Mikarafuu sita ilikuwa chini ya zuio,
yeye na mashemeji zake wakigombea mpaka.
Kesi haikwisha, karafuu zikaiva.
Karafuu haisomi amri. Ikishapevuka hufumbua macho,
siku nne tano ikawa mpeta, haina mnunuzi.
Akapanda. Mwanamke wa miaka hamsini na mbili
alipanda mwenyewe, asimponze mtoto wa mtu.

"Miye nidharau?" aliniuliza dirishani.
"Siku ya hukumu nilivua viatu mlangoni kwenu.
Mtu humvulia viatu anayemdharau?"
Vile viatu askari aliviona.
Alivisogeza pembeni kwa mguu.

Faini alilipa: ng'ombe wa maziwa, na ndama wake.
Hakuja kudai ng'ombe. Amelifuata lile neno.
Kwao, bombani, wanamwita Mize Dharau.

Siku thelathini ndizo alizopewa. Alifika ya arobaini na moja.
Wakili wa mashemeji ameshaleta pingamizi,
kurasa nne na methali moja,
chelewa chelewa utamkuta mwana si wako.
Bi Mize naye anayo yake, kawia ufike,
ila hiyo haina kifungu.

Mwandishi wa barua, pale karibu na soko, alimshauri aseme aliugua.
Cheti kinapatikana, alimwambia, elfu kumi tu.
Akakataa. "Siapi kwa homa isiyoniingia mwilini.
Andika: nilingoja."
Ndiyo sababu yote, aya ya tano,
neno moja, na chini yake alama ya dole gumba.

Alingoja nini, Jaji atauliza.
Najua mimi.

Aliomba nakala ya hukumu siku ya pili.
Alikuja ya tisa, nikamwambia bado,
wino wa mashine unatoka Unguja.
Alikuja ya kumi na nane. Bado.
Nikaona haya: usihangaike na nauli, mama, nitakupigia.
Ya ishirini na tisa nakala ikatoka, bado ya moto.
Nikapiga. Akapokea mwanamume wa Konde,
hamjui Mize yeyote.
Saba nilikuwa nimeiandika kama moja.
Nikaiweka nakala pembeni mwa meza,
juu yake kikombe cha chai,
nikasema, akitaka atakuja.
Hata siku ya arobaini, akaja.

Hesabu sasa, ishirini na tisa hadi arobaini.
Vidole vya mikono havitoshi,
kwa kimoja tu.

Nauchukua muhuri, naurudisha.
Kudharau ni kupi hasa?
Kupanda mti wako msimu usikupite,
au kutua kikombe juu ya haki ya mtu
mpaka duara la chai likauke kwenye jina lake?
Duara lipo. Kiambatisho cha kwanza, ukurasa wa kwanza.
Nililiona siku ile nagonga muhuri, nikafunua haraka.

Kesho saa tatu ombi litasikilizwa.
Nimenunua karatasi yangu, si ya serikali:
*Mimi, Dadi Kombo Mbwana, mtu mzima, Mwislamu,
mkaazi wa Limbani, naapa na kusema*

Mke wangu ananiuliza naandika nini hadi saa hizi.
Namjibu: siku.

Tarehe nimeiacha wazi.
Wino, leo, upo.