Nani Alitangulia Kupotea

Kiangazi kile nilishona kwa Kusumben, pale Mtama,
cherehani barazani, miguu ikijua kazi
kuliko kichwa. Mchana wateja wakikatika
alifungua kitabu chake cha Kigujarati juu ya majora
akanisomea kwa Kiswahili chake cha dukani,
kile kinachopima kila neno kwa yadi.

Malkia mmoja, alisema, waume watano.
Nikacheka mpaka uzi ukakatika.
Watano! Mimi Mnyambe mmoja tu
na bado sijui usiku analala wapi.

Yeye hakucheka.
Mfalme, yule mkubwa wao, alipenda dadu.
Akaweka ng'ombe, wakaenda.
Akaweka ghala, mji, ndugu zake mmoja mmoja,
akajiweka mwenyewe, akaenda.
Halafu, mikono mitupu, akakumbuka: nina mke.

Wakatuma mtu amwite. Yule mama
hakulia kwanza. Alimrudisha mjumbe na swali:
kaulize, nani alitangulia kupotea, yeye au mimi?
Maana mtumwa hana cha kuweka mezani.

Wakajibuje?
Kusumben akalamba kidole, akafunua ukurasa.
Ukumbi mzima, wajuzi wa sheria, mashujaa, babu mwenye ndevu nyeupe,
kila mmoja alitazama vidole vya miguu yake.
Wakaanza kumvua nguo.

Hapo aliinuka, akashika ncha ya jora la doria
akavuta, akavuta, kitambaa kikamwagika
kaunta hadi sakafuni, sakafuni hadi mlangoni,
mpaka kuku wa jirani akakikanyaga.
Hivi, alisema. Haikwisha. Mungu aliiongeza.

Mimi fundi. Niliuliza la fundi:
aliyeifuma nani?
Nguo haidondoki tu; mahali fulani
kuna mwanamke kiuno kinamuuma.
Hakunijibu. Tulikunja jora wawili,
yeye ncha hii, mimi ncha ile, tukikaribiana.

Oktoba wakaja watu wawili na bakuli la kangomba
na karatasi. Mnyambe ameuza korosho zikingali maua.
Mikorosho arobaini na mmoja, ya mama yangu,
aliyoachiwa na mama yake. Kwetu Wamwera
mwanamume huja na mkeka na panga,
na akiondoka, huondoka na mkeka na panga.

Mtendaji alisoma kwa sauti. Dole gumba, wino wa buluu.
Wazee wa baraza walikuwapo, nikawahesabu,
nikajua mapema watatazama wapi.

Nikamuuliza Mnyambe, wala si kwa hasira:
baiskeli uliiweka lini?
Juni.
Redio?
Julai.
Na palizi ya mwakani, mikono yako hiyo miwili,
uliwaandikia hawa lini?
Akasema Agosti.
Karatasi hii ni ya Septemba.
Basi lile dole gumba, Septemba, lilikuwa la nani?

Mmoja wa wale wawili aligeuza bakuli
akaangalia chini yake, kana kwamba jibu limechongwa hapo.
Shauri likaahirishwa. Mpaka leo limeahirishwa.
Nimeokota mti wa kwanza hadi wa kumi na sita,
usiku, bila taa, kama mwizi wa kwa mama yangu.

Nilimsimulia Kusumben. Alinyamaza
muda wa kupinda mikono yote miwili ya kanzu.
Mimi nilitolewa na miaka kumi na minne, alisema,
bangili kumi na nane, tiketi moja ya meli.
Ukurasa ule nausoma kila mwaka tangu hapo.
Juu yake, kibao cha duka: jina la marehemu, na Wanawe.
Wanawe hakuna. Yupo yeye.

Na mwishoni, kitabu kinajibu?
Hakijibu. Vita vinakuja, wanakufa wengi,
swali linabaki limesimama pale pale ukumbini.

Akanikatia yadi mbili za doria.
Hakuandika kwenye daftari.