Daftari la Mizani

Leo saba.
Naandika kwa wino wa bluu, mwekundu uliisha juzi:
majike watano, madume wawili,
mmoja mrefu kupita mtumbwi wa Bahebe,
na tumboni mwake kwato nne za mbuzi wa mtu.

Nyamizi anawatundika kwenye mizani ya sangara,
ndoano ileile, kutu ileile,
anasoma kilo kwa sauti ya mnadani
kana kwamba kiwanda bado kinanunua:
"Ishirini na mbili na nusu! Nani anaongeza?"
Zamani tungecheka.

Ziwa hili limezoea wageni.
Sangara aliletwa, furu wakabaki midomoni mwa wazee.
Gugumaji lilikuja na maua ya zambarau,
tukayachuma, tukapamba meza ya harusi.
Huyu wa tatu hakubisha hodi.
Au alibisha, na yupo aliyemfungulia.

Chatu wa hapa tunamjua.
Ana pango lake, ana msimu wake,
babu zetu walicheza naye ngoma
na ngoma ilipokwisha wakamrudisha porini.
Huyu ni wa manjano, manjano ya ndizi iliyovundikwa,
na Kisukuma hakijampa jina.
Watoto wa Kayenze wanamwita Mpangaji
kwa kuwa analala popote
na hakuna anayemdai kodi.

Nenda kinamasini alfajiri usikilize.
Kukuziwa hawalii.
Ndezi hawatafuni.
Fisi maji aliyekuwa akimwibia Bahebe samaki wavuni,
Bahebe anamkumbuka sasa kama jirani aliyehama
bila kuaga, bila kulipa deni.
Mafunjo yanasuguana tu, kavu kwa kavu,
na maji ya vuguvugu yanatunza mayai
vizuri kuliko kuku yeyote.

Tulijaribu mitego: ikakamata kenge.
Tulijaribu moto: mafunjo yakaungua, wao wakazama,
wakaibuka ng'ambo wakiwa safi kama waliotoka kuoga.
Ndipo daktari wa mifugo, Lugakingira,
akampasua dume mmoja, akamtia redio tumboni,
akamshona, akamwachia.
"Huyu ndiye mpelelezi wetu," akasema.
"Anatafuta mke. Sisi tunamfuata yeye."

Mimi ndiye ninayebeba antena.
Pii. Pii. Pii.
Maji magotini, maji kiunoni,
na kila anaposimama tunakuta jike,
na kila jike linafika mizanini.
Hajui. Msimu mzima anachumbia,
msimu mzima anafiwa.

Juzi alipanda juu ya gogo kuota jua.
Nikamwona taya la kushoto:
kovu refu kama herufi ya alifu,
pale alipokuwa akisugua wavu wa kizimba
kule Isamilo, hotelini,
enzi wageni walipolipa kupiga naye picha
na mimi nilipolipwa kumpa panya kila Ijumaa.

Hoteli ilifungwa. Mwenyewe alituambia:
"Yusto, hao wawili wamalize."
Nikawatia kwenye gunia la mkaa,
nikapanda nao pikipiki usiku hadi Kayenze,
panga likiwa kiunoni.
Mkono ukakataa.
Nilidhani ni huruma.
Wawili tu, nikasema, na ziwa lote hili.

Kwenye daftari kuna safu ya mwisho,
Lugakingira aliipiga mstari kwa rula:
*Chanzo.*
Kila siku naandika *hakijulikani*.
Miezi kumi na minne, mwandiko mmoja,
*hakijulikani, hakijulikani*,
neno limenyooka, limeteleza,
limejikunja ukurasa hadi ukurasa.

Leo saba. Nimeandika mara sita.
Nyamizi anafuta ndoano kwa majani,
anatazama kalamu iliyosimama,
wino unaolowa kwenye karatasi.
"Yusto," anasema, "huyo wa saba vipi?"

Nyuma yetu, mahali fulani mafunjoni,
pii.