Yaliyopinda

Kiwandani Usa River kuna rula ya bati
iliyopigiliwa misumari kwenye meza yangu.
Harage changa likifika sentimeta kumi na mbili,
limenyooka, halina doa,
linalala kwenye boksi na wenzake
na kupanda ndege kabla sijafika nyumbani.
Lililopinda hubaki nami.

Leo nimefunga kwenye kanga kilo na nusu ya yaliyokataliwa:
lenye kiwiko, lenye nundu,
jembamba kama mkia wa mjusi,
mawili yaliyoota yameshikana
kama watoto kwenye foleni ya sindano.
Ndewario, msimamizi wetu, amenipunguzia bei,
yaani ametazama pembeni.

Maji ya Chai, mama mkwe ameniwahi jikoni.
Chungu chake cha makande kimeshika mafiga tangu asubuhi.
"Hayo ni majani," anasema.
"Harage huliwa likishazeeka."

Simjibu. Nakata vikonyo, naosha, nafuta.
Nafuta moja moja, kwa kitambaa
kilichokuwa shati la shule la Anaeli,
maana tone la maji kwenye mafuta ya moto halisamehe.
Hilo Bwana Liu hakuniambia.
Alinionyesha kovu.

Alikuwa mpishi wa kambi ya wajenga barabara,
nami nilimmenyea vitunguu saumu miezi kumi na minne.
Kiswahili chake kilikuwa maneno matatu:
bado, haraka, basi.
Sijapata pishi lililohitaji la nne.

Nateka karai kwenye jiko la mkaa,
napepea kwa kifuniko cha ndoo
mpaka makaa yanaanza kuniunguza nyusi.
Mafuta yanatulia, yanang'aa, yanatambaa kuelekea kingo.
Bado.
Mama mkwe anakohoa kwa makusudi.
Bado.
Uzi wa kwanza wa moshi,
haraka!
yanaingia kwa kishindo cha mvua juu ya bati.

Haraka haina baraka, walisema wahenga.
Hawakuwahi kushika mwiko juu ya moto huu.
Geuza, geuza, usiyaache yakae yakapiga soga.
Ngozi zinajikunja, zinatoka mabaka ya kahawia,
kijani kinakolea kana kwamba kimetukanwa.
Kitunguu saumu nilichokiponda kwa kitako cha chupa.
Tangawizi ya Same.
Pilipili kavu mbili, na ng'ambo ya ua
Mama Nderikyo anapiga chafya: "Mmeanza!"
Sosi ya soya naimwaga ukingoni mwa karai, si katikati,
ishuke ikichemka, inuke chumvi iliyoungua.
Sukari ya kubana kwa vidole viwili. Ufuta.
Basi.

Chakula chenyewe ni makande, hilo halina ubishi.
Haya yamekuja kukaa pembeni ya sahani,
kama nilivyokaa mimi mwaka wangu wa kwanza
katika nyumba hii.

Anachukua moja. Anatafuna.
Linalia mdomoni kama kiatu kipya kanisani.
"Halijaiva."
Anachukua lingine, ahakikishe.
La tatu analiinua kwenye mwanga wa koroboi,
lile lenye kiwiko.

"Hili walilikataa kwa nini?"
"Limepinda, mama."
Analiweka sambamba na kidole chake cha shahada,
kidole cha miaka hamsini ya jembe na kuchuma kahawa,
na vyote viwili vinaelekea upande mmoja.
"Kwani huko," anauliza, "wanakula kwa rula?"

Sina jibu. Naosha karai.

Saa nne usiku, koroboi imezimwa,
nasikia kifuniko kikifunuliwa jikoni,
taratibu, kwa adabu ya mwizi mzoefu,
kisha ule mlio mdogo kati ya meno.
Nasubiri kifuniko kirudi.
Bado.