Saa Moja kwa Miguu

Tuanzie ngazi za posta, bwana, kabla jua halijakaza.
Mimi ni Mwape Kisimba. Ziara ni saa moja,
franka elfu ishirini, maji kila mtu na yake.
Tazama kule: lile bomba halitoi moshi siku hizi,
na ule mlima mweusi si mlima,
ni mavi ya shaba, miaka na miaka ya kuyeyusha.
Wageni hucheka nikisema hivyo.
Wewe hukucheka. Ulitoa picha mfukoni.

Picha ya duka. Vipandio vitatu, mlango wa mbao,
majora ya vitambaa yamesimama kama watoto wa kwaya.
"Babu," ukasema, kwa Kifaransa chenye chumvi
ya kisiwa cha Rode, huko Bahari ya Kati,
"alikuja kwa meli, kisha kwa treni, na sindano nane."
Nane?
"Nane. Bibi alizihesabu mpaka anakufa."

Basi tukatembea. Oktoba ilikuwa imemwaga jakaranda
njia nzima, tukakanyaga zambarau kama watu wasio na adabu.
Nikakuonyesha mahakama. Nikakuonyesha sinagogi;
ulisimama pale muda wa kumaliza muwa mmoja,
nami nikatazama saa,
kisha nikaona haya kutazama saa.

Hapa, nikasema, mji wa Wazungu uliishia.
Toka mtaro huu hadi Kamalondo paliachwa patupu,
na kipimo chake kilikuwa pumzi ya mbu:
walisema mbu wa mtu mweusi hawezi kuruka mbali hivyo,
atachoka, ataanguka njiani.
Babu yangu alipavuka kila alfajiri,
karatasi ya ruhusa ndani ya kofia,
na king'ora cha usiku kikilia awe amerudi.
Mbu, alituambia, hawakuwahi kuombwa karatasi.

"Na duka?"

Duka. Nilikuwa nimelitafuta wiki nzima kabla hujafika.
Niliuliza wauza simu, niliuliza mapadri,
niliuliza mlinzi mmoja anayejua kila mti ulioanguka.
Hakuna ajuaye. Namba zimebadilishwa,
barabara zimevua majina na kuvaa mengine
kama watu waogao mtoni.
Kona moja ina vipandio viwili.
Kona nyingine ina vitatu, lakini mlango ni wa chuma
na ndani wanauza wigi na vocha za simu.
Una miaka themanini na moja. Goti lako lilianza kulalamika.
Nikasema: Ni hapa.

Uliweka kiganja ukutani
kama mtu apimaye homa ya mtoto.
Mama Ngoie wa wigi alitoka kutukemea,
akauona uso wako, akarudi ndani kuleta kigoda.

Ulipokaa ndipo nilipoiona picha vizuri.
Ukingoni, pale mpiga picha alipochoka kujali,
nusu ya kijana: mkono mmoja, goti moja,
gurudumu la mbele la baiskeli.
Nyuma ya picha mmeandika majina yote kwa wino,
babu, bibi, mjomba Rubeni, hata paka.
Babu yangu alipeleka vitambaa kwa baiskeli.
Kwa ajili ya nani, hakusema.
Au alisema, na sisi tulikuwa tunacheza.

"Huyu nani?" nikauliza.

Ulivua miwani, ukaifuta kwa ncha ya shati.
Ulinitazama mimi, mkono wangu, goti langu,
kisha ukajibu polepole, kwa sauti ile ile
niliyotumia mimi mbele ya vipandio:
"Ni yeye. Ni babu yako."

Hatukutazamana tena kwa muda.
Ua moja la jakaranda lilikuwa limekwama kwenye nywele zako
na sikulitoa.

Saa moja ilikuwa imepita zamani. Sikudai nyongeza.
Mama Ngoie ndiye aliyedai:
franka elfu moja, ya kigoda.