Alhamisi, Saa Tatu Usiku

Montevideo, Julai. Upepo wa mtoni unabisha dirisha
na hita ya gesi inakohoa kunishinda.
Watatu kochini, blanketi moja. Kibuyu cha yerba chungu
kinakwenda na kurudi, mimi na Oriana;
Yamandú bado mdogo, ana maziwa yake.
Tunangoja tamthilia.

Wiki iliyopita walimwacha langoni mwa shule,
yule mzazi wa kwenye televisheni, kavaa koti jekundu,
fidla zinalia nyuma yake,
na mtoto anamjia polepole,
polepole mno, hata nikasema: mwanangu,
kengele itagonga ungali njiani!
Kisha tangazo la sabuni.

Leo mtoto anafika. Anatazama juu.
Anasema, "Mama."
Fidla zinapanda. Koti jekundu linapiga magoti kwenye lami.

Oriana anacheka puani. "Soksi zile nani atazifua?"
Yamandú hacheki. Anataka kujua
kwa nini yule analia kila kipindi.
"Wewe hulii. Wewe unanipigia kelele za viatu."
"Kwa sababu unaviacha mlangoni."
"Basi wangeonyesha viatu."

Wangeonyesha viatu, kweli.
Wangeonyesha saa kumi na mbili asubuhi, mkate unaungua,
dawa ya chawa, hesabu za sehemu,
na ile fomu ya shule yenye mistari miwili: baba, mama;
Oriana kashika kalamu
kwa muda mrefu kuliko anavyoshikilia simu akingoja benki.
Mstari wa mama una mwenyewe:
Rocío, yuko Salto, hupiga simu Jumapili.
Mtu haporwi mstari wake.
Mstari wa baba ulimbana tangu zamani.
Yamandú akaichukua kalamu,
akapiga mstari wa tatu kwa rula, akaandika: Ori,
jina alilolianza alipokuwa hana meno ya kutamka lote.

Uchungu wa mwana aujua mzazi.
Msemo haukuuliza mzazi yupi.

Mimi ni fundi wa nguo, miaka arobaini.
Nilimpa mwanangu jina. Akalivaa miaka thelathini na moja
likimbana kwapani, asiseme,
halafu akanirudishia, limekunjwa vizuri.
Nililia, sikatai. Nililia kama mtu wa tamthilia,
hapa hapa, bila fidla.
Kisha nikatoa futi. "Simama wima," nikamwambia.
"Mabega ni yale yale. Tuanze kiunoni."

Sasa majina ya waigizaji yanapanda kwenye kioo.
Yamandú kalala mdomo wazi, mguu nje ya blanketi.
Oriana anambeba, mgongo unalalamika,
mlangoni anajikwaa kwenye kiatu,
anatukana kwa sauti ya chini.

Televisheni inaonyesha ya wiki ijayo:
mahakama, mvua, koti jekundu.
Nazima sauti. Naokota kiatu,
nainama chini ya kochi kutafuta mwenzake.